Mtoto hajasema: tuhesabu nini, na tungoje mpaka lini?

"Mwalimu, huyu wangu ana miezi 22, mbona hasemi?"

Mama mmoja jirani aliniuliza hivyo asubuhi kwenye foleni ya bomba, hapa Ujiji, mtoto mwenyewe akiwa mgongoni amefunikwa kanga mpaka masikioni. Nafundisha darasa la awali, kwa hiyo watu huniletea maswali ya watoto wote wa mtaa. Kabla sijajibu, wenye ndoo nyuma yetu walishajibu. Bibi mmoja alisema aachwe, hata baba yake alianza kusema akiwa na miaka mitatu. Mwingine akasema apelekwe akakatwe kimeo. Wa tatu alikuwa na hakika kwamba tatizo ni la nyumbani: mama anaongea Kiswahili, bibi anaongea Kiha, mtoto amechanganyikiwa akaamua kunyamaza. Wa nne akakumbusha kwamba mtoto huyu aliwahi kutembea, na anayewahi miguu huchelewa mdomo.

Wote walimaanisha wema. Mimi nikamuuliza yule mama kitu kimoja: "Ukimwambia kalete kandambili za baba, analeta?"

"Analeta, tena mbio."

"Na ukimwambia bila kumwonyesha kwa kidole, naye amekupa mgongo?"

Akahamisha ndoo yake mbele, akafikiri. "Hapo sijawahi kuangalia."

Wengi wetu hatujawahi kuangalia hapo. Tunatazama mdomo wa mtoto, tunasubiri neno, na lugha imeshaanza kuingia miezi mingi kabla, kwa mlango mwingine kabisa. Swali la "anasema au hasemi" limebeba mambo matatu yaliyofungwa fundo moja. La kwanza ni kusikia: je, sauti inamfikia? La pili ni lugha yenyewe: je, anaelewa maneno yana maana gani, na anatafuta njia ya kueleza analotaka? La tatu ni kutamka: je, ulimi na midomo vinaweza kuzitengeneza hizo sauti? Mtoto anaweza kuwa mzima kwenye mawili akakwama kwenye moja. Anayesema "lafiki" badala ya "rafiki" ana lugha yake timamu, ulimi tu bado unajifunza. Asiyesema neno lakini anaelewa kila unachomtuma yuko mahali tofauti sana na asiyesema wala kuelewa. Ukiwaweka wote kwenye kapu moja la "amechelewa", utampa mmoja dawa asiyoihitaji na mwingine utamnyima msaada.

Mwaka ambao tunadhani hakuna kinachotokea

Masikio ya mtoto huanza kufanya kazi mama akiwa na mimba ya miezi sita hivi. Ndani mle sauti hufika kama ya mtu anayeongea nyuma ya ukuta: maneno hayatambuliki, lakini mwendo wa sauti, kupanda na kushuka kwake, unapita. Mwaka 1980 huko Marekani, Anthony DeCasper na William Fifer waliwapa watoto wenye umri wa siku chache chuchu bandia iliyounganishwa na mashine ya sauti. Mtoto akinyonya kwa mpangilio fulani anasikia sauti ya mama yake; akibadili, anasikia ya mama mwingine. Watoto wale walinyonya kwa namna ya kumleta mama yao. Walikuwa hawajamaliza hata siku tatu duniani.

Kufikia wiki ya sita hadi ya nane mtoto hukutazama usoni akatabasamu, akatoa sauti laini za "aaa" na "aguu". Ukimjibu, anangoja kidogo, halafu anatoa nyingine. Hayo ni mazungumzo. Hayana maneno, lakini kanuni kuu ya mazungumzo imeshaingia: wewe kwanza, mimi nafuata. Miezi minne anacheka kwa sauti. Kati ya miezi sita na kumi anaanza kubwabwaja silabi zenye konsonanti na vokali: bababa, mamama, dadada. Baba mtu husherehekea siku hiyo, na mimi sipendi kumkatisha furaha, ila "baba" ya miezi saba mara nyingi si neno bado. Ni mazoezi ya midomo. Inakuwa neno siku atakapoisema akimtazama baba, au akisikia mlio wa pikipiki yake nje.

Kubwabwaja kuna thamani kubwa kuliko tunavyodhani, kwa sababu mtoto hubwabwaja akijisikiliza. Asiyesikia vizuri hutoa sauti za mwanzo kama wengine, kilio na "aaa" vyote vipo, ndiyo maana wazazi hawashtuki. Lakini zile bababa zilizopangika huchelewa sana kwake, au hazitulii. Mtoto wa miezi kumi aliye kimya, asiyechezea silabi, ameshakupa taarifa ya kwanza, na ni mapema kiasi cha kutosha kulifanyia kazi.

Mwaka huohuo sikio linajichonga lifae lugha za nyumbani. Janet Werker na Richard Tees walionyesha mwaka 1984, kule Kanada, kwamba watoto wa miezi sita hadi minane kutoka nyumba za Kiingereza walitofautisha sauti za Kihindi ambazo watu wazima wanaosema Kiingereza walishindwa kuzitofautisha. Walipofika miezi kumi hadi kumi na miwili uwezo huo ulikuwa umepungua sana. Mgeni akija akashindwa kutamka "ng'ombe", akasema "nombe" au "ngombe", elewa kwamba sikio lake lilichagua njia nyingine angali hajui kutembea. Wetu analijua ng' kabla hajasimama dede.

Kati ya miezi mitano na saba mtoto hugeuka akisikia jina lake. Kufikia tisa au kumi anaelewa "hapana", ingawa hatii. Kufikia mwaka mmoja anapunga mkono wa kwaheri, na, hili naomba mlishike, ananyoosha kidole. Kuna kidole cha "nipe", na kuna kidole cha "tazama": anaona mbuzi amepanda ukuta, ananyoosha kidole, halafu anageuka kukuangalia wewe kama umeona. Hicho cha pili ni mazungumzo kamili. Ameona kitu, ametaka na wewe ukione, amehakikisha umekiona. Neno "mbuzi" likija baadaye litakaa mahali ambapo kidole kilishaandaa.

Neno ni nini, na tunahesabuje?

Neno la kwanza huja karibu na mwaka mmoja, wengine miezi kumi, wengine kumi na mitano. Neno si lazima litamkike kama la mtu mzima. Kama kila akiona samaki anasema "maki", basi "maki" ni neno. Watoto wanaojifunza Kiswahili hukamata sana mkia wa neno, kwa sababu sisi huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na pale ndipo sauti inaponenepa. Kiatu kinakuwa "atu", samaki "maki", ndizi "dizi". Vilevile neno moja hubeba mzigo wa vitu vingi: nina mwanafunzi ambaye, kwa masimulizi ya mama yake, kila mnyama wa miguu minne alikuwa "mbuzi" mpaka alipokaribia miaka miwili, ng'ombe na paka wakiwemo. Hiyo ni akili inayopanga vitu kwa makundi, kundi tu bado ni pana.

Sasa hapa kuna fundo ambalo nataka tulifungue polepole, maana ndilo linalowatesa wazazi wanaosoma orodha za kwenye simu. Orodha nyingi zinasema: miaka miwili, maneno 50, na kuunganisha maneno mawili. Orodha hizo zimetengenezwa kwa watoto wa Kiingereza, na mara nyingi zilitaja wastani. Wastani maana yake nusu ya watoto wako chini yake, nao wazima kabisa. Kwa hiyo mzazi anayeona mtoto yuko chini ya wastani anaweza kuhangaika bure, na mhudumu wa afya anayejua kwamba ni wastani tu anamwambia "ngoja", hata kwa yule ambaye hakupaswa kungoja. Mwaka 2022 kituo cha Marekani cha kudhibiti magonjwa, CDC, kiliandika upya orodha yake: kila hatua iwe ile ambayo angalau watoto 75 kati ya 100 wa umri huo wanaifanya. Kwa hesabu hiyo kuunganisha maneno mawili kulibaki miezi 24, na maneno kama 50 yakawekwa miezi 30. Baadhi ya wataalamu walilalamika kwamba sasa tutachelewa kuwaona wenye shida. Mimi naona faida yake: asiyefikia mpaka wa namna hii haambiwi tena "ngoja", anatazamwa.

Na Kiswahili kina hesabu yake. Mwingereza mdogo akitaka kukataa huunganisha maneno mawili au matatu. Wa kwetu anasema "sitaki", neno moja, na ndani yake mna mkataaji, kitendo na alama ya kukanusha. "Nimeanguka" ni sentensi nzima yenye mtenda, wakati na kitendo. Ukihesabu kwa nafasi zilizo kati ya maneno utamwona mtoto wa Kiswahili maskini kumbe ni tajiri. Kamil Ud Deen alifuatilia watoto wanne jijini Nairobi wakijifunza Kiswahili, akaonyesha jinsi viambishi hivyo vinavyodondoshwa mwanzoni: mtoto husema "taka kula" kabla ya "nataka kula". Kwa hiyo kwetu hatua ya kutazama baada ya miaka miwili si wingi wa maneno peke yake. Tazama pia kama mbele ya kitendo vinaanza kuota vile vipande vidogo: na-, a-, me-, si-. Vikiota, sarufi inakua.

Kule Kilifi, pwani ya Kenya, Katie Alcock na wenzake walitengeneza orodha ya maneno ya watoto kwa Kiswahili na Kigiriama, na badala ya kumpa mama karatasi ajaze, walikaa naye wakamuuliza kwa mdomo, kwa kuwa wengine hawasomi. Walipata taarifa za kuaminika. Hilo lilinifurahisha. Mama asiyejua kusoma anajua maneno ya mwanawe, ni sisi tusiojua kumuuliza.

"Kiha kinamchanganya"

Hapa kwetu nyumba ya lugha moja ni nadra. Baba Mmanyema wa Ujiji, mama ametoka Kasulu, bibi hasemi ila Kiha, jirani amevuka ziwa na Kibembe chake na Kiswahili cha Kongo. Mtoto wa hapa anasalimiwa "mwidiwe" huku na "hujambo" kule. Na kila anapochelewa kidogo, bibi ndiye anayenyamazishwa: usimsemeshe Kiha, unamharibu.

Lugha mbili hazimcheleweshi mtoto. Anayelelewa kwa lugha mbili hupitia vituo vilevile kwa umri uleule kwa jumla. Kinachotokea ni kwamba maneno yake yamegawanyika kwenye vikapu viwili. Ukihesabu kikapu cha Kiswahili peke yake utaona maneno 25, ukasema amechelewa, na huku 25 mengine yako kwa bibi. Mtoto mmoja niliyewahi kukaa naye alikuwa akitaka maji anasema "mazi". Mama aliniambia ni kosa, ameshindwa kusema "maji". Bibi alikuwa ameketi kwenye mkeka anachagua mchele, akacheka: kwake maji ni "amazi". Neno lile lilikuwa limetokea kwake, sahihi kabisa, limekatwa kichwa tu. Mama alikuwa akilifuta, bibi akilijibu kwa kikombe.

Kuchanganya pia, "bibi nipe mazi", si dalili ya kuchanganyikiwa. Watu wazima wa Kigoma tunachanganya kutwa nzima na tunaelewana. Ukweli ni huu: mtoto mwenye tatizo halisi la lugha atakuwa nalo katika lugha zote mbili. Kama Kiha chake kinakwenda vizuri na Kiswahili ndicho kiko nyuma, huyo hajasikia Kiswahili cha kutosha, basi. Kumkatia Kiha ni kumnyang'anya mtu anayemsemesha zaidi kuliko wote nyumbani.

Kifuniko cha sufuria

Mwanangu wa pili alipokuwa na mwaka na nusu alikuwa na maneno manne. Miezi 22, manane. Alikuwa mchangamfu, anacheza, anaelekeza kwa kidole, na mimi mwalimu nikajipa moyo. Kwenye zahanati moja walimpima uzito, nukta ikakaa vizuri kwenye kadi, muuguzi akasema wa kiume huchelewa, nenda. Ni kweli wavulana kwa jumla hufuata nyuma ya wasichana, lakini kwa mwezi mmoja au miwili. Haimtoshi mtoto wa namna ile. Nami sikujua niseme nini zaidi ya "hasemi sana".

Jioni moja nilikuwa naosha vyombo uani, yeye kaketi amenipa mgongo anachota mchanga kwa kopo la blubendi. Kifuniko cha sufuria kikanichomoka, kikaanguka kwenye saruji. Akashtuka, akageuka. Nikamwambia, kwa sauti yangu ya kawaida, "pole". Alikuwa amesharudi kwenye mchanga. Nikamwita jina. Hakugeuka. Nikaita tena, vilevile, hatua nne nyuma yake. Hakugeuka. Nikazunguka mbele, nikamwita kwa sauti ndogo kuliko ya mwanzo, akanitazama mdomoni, akacheka. Nilikaa chini palepale na mikono yenye sabuni.

Alikuwa anasikia, lakini nusu. Kishindo kinafika, maneno hayafiki. Na kwa kuwa alisoma nyuso zetu na mikono yetu vizuri mno, "lete kandambili" ilitimizwa kwa macho. Sikio lake la kulia lilikuwa limewahi kutoa usaha mara kadhaa, tukapangusa tukasahau. Daktari wa masikio, pua na koo tuliyempata baadaye aliangalia: kulia ngoma ya sikio ilikuwa na tundu na usaha wa muda mrefu, kushoto kulikuwa na majimaji yaliyotuama nyuma ya ngoma. Mtoto wa hivyo husikia kama aliyezama kwenye beseni. Tulikausha sikio kwa kitambaa safi kilichosokotwa, mara tatu kwa siku, pamoja na matone kwa wiki mbili, tukarudi kupimwa tena na tena. Maneno yalianza kumiminika miezi michache baada ya masikio kukauka. Naandika haya kwa sababu ya ile miezi tuliyoipoteza.

Usaha sikioni si jambo la kupangusa. Si la kumiminia mafuta, maziwa ya mama wala maji ya kitunguu. Ukidumu wiki mbili, ni ugonjwa wa muda mrefu unaokula usikivu. Yale majimaji yasiyotoka nje mengi hukauka yenyewe ndani ya miezi mitatu, lakini yakipita hapo mtoto apimwe kusikia.

Zipo sababu nzito zaidi: homa ya uti wa mgongo, manjano makali ya siku za mwanzo, mtoto aliyezaliwa akachelewa kulia, aliyezaliwa kabla ya wakati, baadhi ya dawa kama jentamisini zikitumika vibaya, na rubella kwa mama mwenye mimba changa. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba asilimia 60 ya upotevu wa kusikia kwa watoto unaweza kuzuilika. Tanzania ilianza kutoa chanjo ya surua na rubella kwa pamoja mwaka 2014, dozi ya kwanza miezi 9, ya pili miezi 18. Akina mama wengi huona kliniki imekwisha ile ya miezi 9. Ile ya miezi 18 inalinda masikio, na bahati nzuri umri huo ndio hasa wa kuulizwa: ana maneno mangapi, ananyoosha kidole, anageuka akiitwa?

Na kimeo? Kimeo ni kile kinyama kinachoning'inia kooni. Hakihusiki na mtoto kutokujua neno "maziwa". Kukikata kunaleta damu nyingi, vidonda, hata pepopunda, na lugha haitokei hapo. Utando wa chini ya ulimi ukiwa mfupi unaweza kusumbua kunyonya, na kwa baadhi kusumbua sauti chache, lakini haumzuii mtoto kuelewa wala kuwa na maneno. Hilo la kuwahi kutembea na kuchelewa kusema halina msingi. Miguu na lugha havigombei nafasi moja.

Kwa mtoto ambaye hatasikia hata kwa matibabu, saa ya lugha haisimami. Watoto viziwi wa wazazi viziwi hubwabwaja kwa vidole: Laura Petitto na Paula Marentette walilieleza hilo mwaka 1991, mikono ya wachanga wakirudiarudia vipande vya alama kama wengine wanavyorudia bababa. Lugha ya alama ni lugha, ina sarufi, na mtoto anayeipata mapema hupita vituo vyote. Shule ya kwanza ya viziwi nchini ilifunguliwa Tabora mwaka 1963, safari ya treni kutoka kwetu. Shida ni kwamba wengi humfikisha mtoto shuleni akiwa na miaka saba au minane bila lugha yoyote, wakati nyumbani angeweza kuanza nayo akiwa na miaka miwili. Muhimbili nako walianza mwaka 2017 kupandikiza vifaa vya kusikia ndani ya sikio, na hivyo pia hufaa zaidi mtoto akiwahiwa.

Ulimi unaochelewa na neno linalojirudia

Kuhusu matamshi sitakaa sana. Sauti za m, b, p, n, t huja mapema. Sauti za r, sh, ch, th, dh na gh huja polepole, r hasa inaweza kungoja mpaka miaka mitano na zaidi. Na huku kwetu watu wazima wengi wanabadilishana r na l na hawana shida yoyote, kwa hiyo msimkaripie mtoto kwa "lafiki". Kipimo kizuri ni hiki: mgeni asiyemjua mtoto amwelewe nusu ya maneno akiwa na miaka miwili, robo tatu akiwa na mitatu, karibu yote akiwa na minne.

Kigugumizi nacho huanza mara nyingi kati ya miaka miwili na mitano, maneno yanapokuja mengi kuliko mdomo unavyoweza kuyatoa. Wengi huacha wenyewe. Usimwambie "sema polepole", usimmalizie neno, mngoje amalize. Kikipita miezi sita hadi mwaka, au akianza kukunja uso na kukwepa kusema, mtafutie msaada.

Kinachomlisha

Mwaka 2003 Patricia Kuhl na wenzake huko Seattle waliwachukua watoto wa miezi tisa wa nyumba za Kiingereza, wakakaa nao vipindi 12 pamoja na mtu anayezungumza Kichina, akiwachezesha na kuwasomea. Watoto walizishika sauti za Kichina. Kundi jingine lilipewa watu haohao, maneno yaleyale, kwenye televisheni. Halikushika kitu. Nikiona mtoto wa mwaka mmoja amewekewa simu mkononi ili atulie, nakumbuka hilo kundi la pili. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2019 unasema mtoto chini ya miaka miwili asikae mbele ya kioo kabisa.

Chakula chenyewe hakinunuliwi. Mwezi uliopita nilikuwa mwaloni Katonga. Wanawake walikuwa wanageuza dagaa juani, na msichana wa miaka tisa hivi alikuwa amembeba mdogo wake mgongoni, anamsimulia bila kukoma: "Umewaona dagaa? Wengi eeh? Huyu mkubwa, mgebuka huyu. Kunguru huyo, mfukuze, shuu!" Mtoto mgongoni akatoa mkono, akasema "shuu". Dada akageuza shingo: "Eeh, shuu! Ameondoka." Sina somo la darasani linaloshinda lile. Dada alifuata macho ya mtoto, akataja kilichopo, akangoja, akapokea alichotoa na kumrudishia kikiwa kikubwa kidogo. Watoto wengi wa kwetu hupata maneno mengi zaidi kutoka kwa watoto wenzao kuliko kwa mama aliye shambani au sokoni, na ni maneno halali.

Nenda kituo cha afya bila kungoja kama mtoto hashtuki kwa kishindo, habwabwaji kufikia miezi kumi, hanyooshi kidole wala kugeuka kwa jina lake kufikia mwaka mmoja, hana neno lolote kufikia miezi 18, haunganishi mawili kwa yake mwenyewe kufikia miaka miwili. Na kwa umri wowote, kama alikuwa na maneno yakapotea, nenda wiki hiyohiyo. Kutonyoosha kidole, kutokutazama machoni na kupoteza maneno kunaweza kuwa dalili za usonji, hali ya ukuaji wa ubongo inayogusa namna mtoto anavyowasiliana na watu, na huo hauponywi kwa kungoja wala kwa kukaripiwa. Watoto wengi wanaochelewa maneno tu, wakiwa wanaelewa vizuri na masikio ni mazima, huwafikia wenzao. Ila huwezi kumjua wa kundi hilo mpaka masikio yamepimwa.

Yule mama wa bombani alirudi kwangu siku ya tatu, jioni. Alikuwa amejaribu kama nilivyomwelekeza: redio imezimwa, mtoto anacheza na vifuniko, yeye nyuma, hatua tatu, sauti ya kawaida, bila kukanyaga kwa kishindo. Mara tano. Aligeuka mara moja, na hiyo mara moja kivuli chake kilikuwa kimepita mbele ya mtoto. Nikamwambia jaribio la nyumbani halitoshi kumhukumu mtoto, lakini linatosha kumwombea kipimo.

"Kesho kliniki watampima uzito waniambie mzima," akasema. "Nikifika niseme nini, Mwalimu?"

"Usiseme hasemi. Sema: nikimwita kwa nyuma, hageuki. Nimejaribu mara tano."

Akairudia mara mbili, polepole, kisha akamvuta mtoto mgongoni akaondoka.